Muungu kwa U Mbili

Siku ya tatu ya matanga, Tanga mjini, wali ulikuwa umeshaliwa na mikeka bado haijakunjwa. Mzee mmoja, jirani wa marehemu, akainua mikono kuomba dua. Alianza kwa Kiarabu kama ilivyo ada, kisha akateremka kwenye Kiswahili: Ewe Mwenyezi Muungu. Alilitamka kwa u mbili zinazosikika, mu-u-ngu, kama walivyokuwa wakitamka bibi zetu. Kijana aliyekaa ubavuni pangu akaninong'oneza: "Ami, wazee hawa hawajui tu. Mungu ni neno la kanisani. Sisi twasema Allah."

Nikanyamaza, maana dua haikatizwi. Mwezi huohuo, ndani ya daladala, redio ya dereva ilikuwa na mhubiri akiwaonya waliookoka waache kusema "Mungu", eti ni jina la mizimu lililorithiwa na Waislamu wa pwani, na aliyeokoka amwite Yehova. Basi neno limekuwa mtoto wa kambo: nyumba hii inasema ni la nyumba ile, na nyumba ile inalirudisha huku. Niliposhuka kituoni kwangu nilikwisha kuamua kuliandama mpaka nijue lilikotoka.

Wa mwanzo kutuachia maandishi yanayokaribia jambo hili ni Ali al-Masudi, mtu wa Baghdad aliyezunguka nchi nyingi. Mara yake ya mwisho kuvuka bahari ya pwani yetu ilikuwa mwaka 304 Hijria, yaani 916 au 917 Miladi, akitoka kisiwa cha Kanbalu kwenda Oman. Wanahistoria wengi wanaona Kanbalu ni Pemba. Anakiri kwamba amesafiri bahari nyingi lakini hakuona ya kutisha kuliko ya Wazanji, yaani watu wa mwambao huu. Katika kitabu chake Muruj al-Dhahab anasema Wazanji hawakuwa na sheria ya dini wanayoifuata, ila walikuwa na wasemaji hodari waliosimama mbele za watu na kuwahimiza wamridhishe Mola wao. Mfalme wao walimwita waklimi, na wasomaji wengi wanasikia humo "mfalme" au "wafalme". Mungu wao walimwita maklanjalu, na maana yake, anasema, ni Bwana Mkubwa.

Neno hilo limewasumbua watu tangu hapo. Herufi za Kiarabu zikipoteza nukta, b huwa t na t huwa n, na kitabu kilinakiliwa kwa mkono karne baada ya karne. Wapo wanaosikia ndani yake -kulu ya ukubwa, wakalilinganisha na uNkulunkulu wa Wazulu. Mulungu, umbo la kale la Mungu wetu, hamo, wala mimi silazimishi awemo. Kinachonitosha ni kidogo zaidi: Mwislamu msomi, zaidi ya miaka 1,100 iliyopita, alisikia watu wa mwambao huu wakimtaja Mungu kwa lugha yao. Akaliandika jina, akalifasiri kwa heshima, akaendelea na habari zake.

Mulungu mwenyewe anajitokeza wazi kwenye maandishi ya Wareno. João dos Santos, padri wa shirika la Dominiko, alikaa Sofala na pande za Zambezi mwishoni mwa karne ya 16. Kitabu chake kilichapwa Évora mwaka 1609, na humo limo jina la Mungu wa wenyeji: Molungo. Hapo hakuna nukta iliyopotea. Ukitoka Zambezi ukapanda kaskazini unakutana na jina hilohilo njia nzima. Wamakua wanasema Muluku. Wayao, Wachewa, Wagogo, Wazigua na Wagiriama wanasema Mulungu, Wataita Mlungu. Wakamba wanalo Mulungu pamoja na Ngai, na Wameru wanalo Murungu. Huo ni ukanda wa zaidi ya kilomita 2,000, na sehemu kubwa yake haikupata msikiti wala kanisa hadi karne ya 19.

Vipi Mulungu akawa Mungu? Muulize Mdigo. Yeye husema mvula na nzala pale sisi tunaposema mvua na njaa. Kiswahili kina tabia ya kuiyeyusha l iliyokaa katikati ya irabu, nayo ikayeyuka hapa pia. Mulungu akabaki Muungu, u mbili zikitazamana pale l ilipokuwa, kama ufizi wenye pengo la jino. Ulimi hauna subira, u mbili zikawa moja. Kumbe yule mzee wa matangani alikuwa akitamka pengo! Washairi nao wanalijua pengo hilo na wanalitumia: anayetaka mizani tatu huandika Muungu, anayetaka mbili huandika Mungu, na hakuna atakayemshitaki kwa kuharibu lugha.

Sasa tuje kwenye Uislamu, maana hapa ndipo kijana wangu alipokosea. Huko Shanga, kisiwani Pate, mwanaakiolojia Mark Horton alifukua misikiti iliyojengwa mmoja juu ya mwingine, na ule wa chini kabisa ulikuwa wa miti, wa karne ya 8. Kizimkazi, kusini mwa Unguja, maandishi ya msikitini yana tarehe ya mwaka 500 Hijria, sawa na 1107. Hesabu mwenyewe: kutoka msikiti ule wa miti mpaka meli za Vasco da Gama za 1498 ni miaka 700. Muda wote huo waliokuwa wakiswali hapa ni Waislamu, na kanisa hapakuwa nalo. Kama Mungu ni neno la kanisani, lilihifadhiwa na nani?

Wazee hao hawakuwa na haya na Kiarabu. Walichukua dini, ibada, dhambi, thawabu, malaika, shetani, na mengine mengi. Lakini angalia walichokiacha kwenye lugha ya mama zao. Rasuli walimwita Mtume, kutokana na kutuma. Saumu ipo, ila mtu wa kawaida anasema amefunga. Janna wakaiita Peponi, neno la upepo na pepo. Na Allah, ambaye jina lake halikosekani ndani ya swala, nje ya swala wakamwita Mungu. Wairani walifanya vivyo hivyo: wana Khoda wao tangu kabla ya Uislamu, swala wanaiita namaz, na hakuna anayewaambia wamekosea kibla.

Halafu wakafanya jambo ambalo naliona ni la ustadi mkubwa. Walichukua "mwenye", neno la shamba na nyumba, wakaliunga na izz ya Kiarabu, utukufu na nguvu, likatoka Mwenyezi. Izz hiyohiyo ilipata n njiani ikawa enzi, ile ya mwenye enzi na kiti cha enzi. Kwa hiyo "Mwenyezi Mungu" ni maneno mawili yenye wazazi watatu: mwenye wa Kibantu, izz ya Kiarabu, na Mulungu aliyepoteza jino. Ukitaka kumjua msemaji kwa sikio tu, sikiliza mpangilio. Mwislamu husema Mwenyezi Mungu. Mkristo mara nyingi husema Mungu Mwenyezi, hasa akiwa na Biblia mkononi. Tofauti nzima ya dini mbili, kwenye neno hili, ni nani ametangulia.

Johann Ludwig Krapf aliteremka Mombasa mwaka 1844. Alikuwa Mjerumani aliyetumwa na chama cha misheni cha Waingereza. Mwaka huohuo, mwezi wa Julai, alimzika mkewe Rosine na mtoto mchanga ng'ambo ya kisiwa. Kabla ya msiba ule alikuwa ameshaanza kufasiri Mwanzo, kitabu cha kwanza cha Biblia, na aliyemsaidia lugha alikuwa kadhi wa Mombasa. Rudia kusoma hapo. Biblia ya Kiswahili ilianza mezani kwa kadhi! Sura tatu za mwanzo zilipelekwa Marekani, zikachapwa katika jarida la wataalamu wa lugha za mashariki. Krapf hakuhitaji kuunda jina la Muumba, alilikuta limekaa, limeshatumiwa na Waislamu kwa karne nyingi, limekwisha kusafishwa kila kona.

Kizungumkuti alikikuta alipopanda kilimani Rabai, ambako mwaka 1846 yeye na Johannes Rebmann walifungua kituo. Wamijikenda walikuwa na Mulungu, ila kila aliyeulizwa alikuwa na jibu lake. Mmoja alisema Mulungu ni ngurumo. Wengine walisema ni mbingu yenyewe. Wengine walisema ni yule anayeleta maradhi, na wengine kwamba kila mtu akifa huwa mulungu. Krapf aliyaandika haya kama mtu aliyekata tamaa kidogo, akidhani anakutana na imani iliyochanika. Mimi nasoma vingine. Hadi leo Mdigo akisema mlunguni anamaanisha juu, angani, vilevile kama sisi tunavyosema mtini au mjini. Neno lililotaja mahali, nguvu na mwenye nguvu kwa pamoja halikuwa limechanika. Maswali ya Krapf ndiyo yaliyokuwa yamekatwa vipande.

Kusini zaidi, kwa Wayao, Mskoti Duff Macdonald alikuta yaleyale na kuyaandika katika kitabu chake Africana cha mwaka 1882: mulungu ni Mungu, na ni roho ya marehemu inayopewa sadaka, na ni ulimwengu mzima wa roho kwa jumla. Alexander Hetherwick aliyemfuata alitilia mkazo jambo ambalo hata mwanafunzi wa darasa la nne anaweza kuliona akilitazama: wingi wa neno hilo huanza na mi-, si wa-.

Kiswahili nacho kiko hivyohivyo. Tunasema mtu na watu, mjinga na wajinga, mwalimu na walimu. Lakini mungu, miungu. Ngeli hiyo ya m-/mi- ni ya miti, mito, milima, mioto, mioyo. Humo wamo pia mizimu. Mungu mmoja tunampa heshima ya kiumbe hai, tunasema anapenda, amejalia, ametuona. Akiwa wengi, lugha inamrejesha msituni kwa miti na mizimu. Hakuna kadhi wala askofu aliyepitisha kanuni hiyo. Ni kumbukumbu ya wakati ambao mulungu alikuwa jambo la mlimani na mtoni, na sarufi ikaihifadhi baada ya sisi wenyewe kusahau. Mhubiri wa kwenye daladala alikuwa na chembe ya ukweli hapa. Kosa lake ni kudhani neno likishazaliwa mahali haliruhusiwi kuhama.

Wamisionari wa Unguja hawakujisumbua sana. Edward Steere, aliyefika 1864 na kuwa askofu 1874, alijifunza lugha kwa Waswahili wa mjini, Waislamu, na alichukua jina lao la Mungu kama lilivyo. Vitabu vya wakati wake vinaandika Muungu, kwa u mbili. Steere alifariki 1882. Biblia nzima ilitoka mwanzoni mwa miaka ya 1890, na kufikia ile Biblia ya pamoja ya 1952 u moja ilikwisha kuanguka.

Kwamba hili lilikuwa bahati, utalijua ukitazama yaliyowapata majirani. Mwandishi Okot p'Bitek alisimulia kisa cha mapadri wa Kiitalia waliowakusanya wazee wa Kiacholi, kaskazini mwa Uganda, mwaka 1911. Wakauliza: nani aliyewaumba? Lugha ile haikuwa na kitenzi cha kuumba kwa maana yao, basi swali likafika masikioni mwa wazee kama: nani aliyewafinyanga? Wazee wakasema watu huzaliwa na mama zao. Mapadri wakang'ang'ania. Mwishoni mzee mmoja akakumbuka kwamba yupo anayefinyanga watu kweli: yule jini wa kifua kikuu cha uti wa mgongo, anayempinda mtu mzima mpaka akawa na nundu. Jina lake Rubanga. Mapadri wakaandika, na Rubanga akahubiriwa kuwa Mungu Muumba. Waacholi wanamwomba hadi leo, na p'Bitek hakuwasamehe mapadri wale maisha yake yote.

Rwanda kilitokea kinyume chake. Mapadri Weupe waliofika mwaka 1900 waliona Imana wa Wanyarwanda hafai, wakapanda na Mungu wa Kiswahili mpaka kwenye vilima vile, na Wakatoliki wakamwomba Mungu ilhali majirani zao Waprotestanti wakimwomba Imana. Baadaye Imana akarudi mahali pake. Mashariki ya Kongo, Kiswahili kilikoingia na misafara ya biashara na baadaye na shule za misheni, Mungu alikaa moja kwa moja. Waislamu wa pwani ndio waliolisafirisha neno hadi mto Kongo, na wamisionari wakalikuta limeshapanga nyumba.

Upande wa Qur'ani mambo yalikwenda kwa mzunguko wa kuchekesha. Tafsiri kamili ya kwanza ya Kiswahili, ya mwaka 1923, ilifanywa na Godfrey Dale, kasisi wa misheni ya Unguja, na sababu zake hazikuwa za kuwafurahisha Waislamu. Sheikh Mubarak Ahmad wa Ahmadiyya akatoa yake 1953. Kisha Sheikh Abdullah Saleh al-Farsy, Mzanzibari aliyekuwa Kadhi Mkuu wa Kenya, akatoa Qurani Takatifu mwaka 1969, ambayo iko kwenye rafu za nyumba nyingi za pwani mpaka leo. Al-Farsy alijua Kiarabu kuliko wengi wanaomkosoa sasa. Alipofika kwenye jina la Allah, aliandika Mwenyezi Mungu.

Serikali nazo zililichukua. Wimbo wa Enoch Sontonga wa mwaka 1897 ulianza na Nkosi, yaani bwana au mfalme, kwa Kixhosa. Ulipokuwa wimbo wa taifa wa Tanganyika tarehe 9 Desemba 1961, Nkosi hakufasiriwa Bwana, alifasiriwa Mungu, na watoto wa madrasa na wa Jumapili wakaimba pamoja bila kuulizana. Kenya, mwaka 1963, kamati ya watu watano iliuchukua wimbo wa Wapokomo wa kumbembelezea mtoto, ikaupa maneno mapya, na neno linalofuata baada ya "Ee" ni hilohilo. Kuna mahali Tana River ambapo mama alimlaza mwanawe kwa sauti ambayo sasa hupigwa na bendi ya jeshi.

Mtaani neno halikungoja kamati. Mtu akitaka kuaminiwa husema haki ya Mungu, na kwa haraka hakyamungu. Mtoto aliyekatazwa kuapa kwa jina la Mungu akagundua njia ya panya, akaweka "nani" mahali pake, ikawa hakyanani, kiapo kisicho na anayeapiwa. Mwanamke akimwona mwenzake amefikwa na shida atasema "maskini wa Mungu", na hilo ni neno la huruma, wala halina uhusiano na umaskini wa fedha. Aliyenusurika ajali atasema Mungu si Athumani, na Athumani wa watu sijui amekosa nini. Bosi anayetaka kila mtu ampigie magoti huitwa mungu-mtu. Msibani utaambiwa kazi ya Mungu haina makosa, na ukiulizwa hujambo ukajibu "namshukuru Mungu" kwa kuvuta sauti, mwenzio anajua hu mzima sana. Hata bwawa la umeme na samaki kule bonde la Pangani, lililojengwa miaka ya 1960, linaitwa Nyumba ya Mungu, na wavuvi wake husema wanakwenda Nyumba ya Mungu na nyavu begani bila hofu ya kufuru.

Ajabu nyingine iko Afrika Kusini. Huko umlungu ni mzungu, na mabishano ya asili ya neno hilo hayajesha. Kwetu wapo wanaopenda kusema Mzungu ametoka kwenye Mungu kwa sababu yanafanana. Hayana undugu. Mzungu yuko karibu zaidi na kuzunguka na kizunguzungu, na aliyewahi kumwona mtalii Mji Mkongwe akitafuta hoteli yake atakubali bila kamusi.

Kijana wa matangani nilimtafuta baadaye. Nilimpa nakala ya al-Farsy ya marehemu baba yangu, jalada limefungwa kwa gundi ya karatasi, nikamwambia asome alipopenda. Anaweza kusema Allah, ni haki yake na ni jina tukufu. Ila kumwambia mzee wa miaka 80 kwamba dua yake ni ya kanisani, hapo amekosea historia na amekosea adabu.

Wenye wazee Mtang'ata, Pemba, Lamu, Rabai au Masasi, nawaomba jambo moja. Washeni simu, muwarekodi wakilitamka neno hili na wakieleza walivyolisikia kwa wazazi wao, mulungu na mlunguni na muungu. Wanaolitamka kwa u mbili wamebaki wachache, na yule mzee wa Tanga tumemzika mwezi uliopita.